Ngano ya Paa Isikatwe Mkia

Vijana wa hapa Tononoka wamenijia kutaka shauri. Wataka kuipiga filamu fupi, kwa simu zao, ngano ya Sultani Darai. Tena si kwa waigizaji, bali kwa vivuli vya karatasi. Baadhi ya wazee wenzangu wamenuna: ngano, wasema, ni ya kinywa cha bibi. Mimi nawaunga mkono vijana, kwa sharti moja.

Jambo hili si geni. Mwaka 1922 bibi wa Kijerumani, Lotte Reiniger, alikata karatasi nyeusi kwa mkasi akamtoa Cinderella katika filamu fupi ya vivuli. Mwaka 2011 Mkenya mwenzetu, Kwame Nyong'o, alitoa "The Legend of Ngong Hills", katuni fupi ya zimwi la Kimaasai lililompenda msichana. Ngano hizo hazikufa.

Na hii yetu pia ina jamaa mbali. Edward Steere aliichapa London mwaka 1870 kama ilivyosimuliwa Unguja. Nduguye ni paka wa viatu wa Mfaransa Charles Perrault, wa mwaka 1697. Paka yule amtajirisha bwana wake, wote wawili wakawa waheshimiwa, kisa kikaisha. Kwetu hakikuishia hapo. Paa aliyenunuliwa kwa thumuni amwoza Hamdani binti wa Sultani, ampa na jumba. Kisha paa augua, Hamdani aamuru apewe uji wa mtama tu. Paa afa, atupwa kisimani. Usiku Hamdani aota yuko jaani akipekua. Aamka, yuko jaani kweli.

Sasa kijana mmoja apendekeza filamu ikome arusini, watu watoke wakicheka. La hasha! Geuzeni sura, geuzeni sauti, mpandisheni Hamdani tuktuk mkitaka. Lakini jaa lisiondolewe. Watoto wetu waona mali, hawamwoni aliyeitafuta: mama aliyechoma mahamri alfajiri, baba aliyebeba magunia Kilindini. Wakiugua hao, twawapa uji gani? Chuoni tulisomeshwa kuwa asiyeshukuru watu hajamshukuru Mungu.

Sinema za Regal na Naaz zimekwisha fungwa, lakini ukumbi wa Tononoka upo. Tundikeni shuka nyeupe humo, na mabibi waketi safu ya mbele. Wao ndio watakaojua kama paa ametendewa haki.