KICHWA NACHO KINA HAKI YAKE



Liko jambo katika majumba yetu ya pwani ambalo watu huona haya kulisema, na kwa kuwa halisemwi linazidi kuota mizizi. Jambo lenyewe ni uchafu wa kichwa kilichofunikwa. Mwanamke husukwa leo, akajifunga ushungi wake, na tangu siku hiyo maji hayamfiki kichwani mpaka msuko uchakae. Huenda zikapita wiki tatu, huenda ukapita mwezi na zaidi. Ukimwuliza atakupa majibu mawili. La kwanza ni kwamba akiosha msuko utaharibika. La pili, nalo ndilo zito, ni kwamba dini imemruhusu, kwani mwanamke hakulazimishwa kufumua nywele.

Sisi twasema kuwa jawabu la kwanza ni kuuthamini msuko kuliko kichwa kilichoubeba, na jawabu la pili ni kuisingizia dini jambo ambalo haikulisema. Na ili asije mtu akatufahamu vibaya, twaliweka wazi tangu mwanzo: kila Muislamu, mwanamume na mwanamke, yampasa aoshe kichwa chake mpaka kwenye ngozi, angalau mara moja katika kila siku saba.

Hesabu hii hatukuizua. Imo katika Hadithi waliyoipokea Bukhari na Muslim kutoka kwa Abu Hurayra (R.A.), ambamo Bwana Mtume (S.A.W.) ametufahamisha kuwa ni haki juu ya kila Muislamu kuoga siku moja katika kila siku saba, akaosha kichwa na mwili. Tazama, ndugu yangu, jinsi kichwa kilivyotajwa mbali na hali nacho ni sehemu ya mwili. Lau kama kujimwagia maji mabegani kungelitosha, kisingelitajwa.

Ama hiyo ruhusa, na tuitazame vizuri. Bibi Umm Salama (R.A.) alikuwa akizisokota nywele zake kwa nguvu, akamwuliza Bwana Mtume (S.A.W.) kama ni lazima azifumue anapokoga janaba. Akajibiwa kuwa si lazima, bali inamtosha kujimwagia maji kichwani mara tatu. Na Bibi Aisha (R.A.) alipopata khabari kuwa yuko mtu anawaamrisha wanawake wafumue nywele kila wanapokoga, alistaajabu na akalikataa jambo hilo, kwa kuwa ni kuwatia watu katika mashaka bila ya sababu.

Naam! Ruhusa ipo. Walakini isome tena. Huyo aliyeruhusiwa kutofumua ameambiwa papo hapo ajimwagie maji kichwani mara tatu. Na wanavyuoni wa madhehebu yetu ya Shafi wametia sharti kwamba maji yafike kwenye mashina ya nywele, na yasipofika ila kwa kufumua, basi kufumua kunakuwa wajibu. Jee, ruhusa ya kuosha bila ya kufumua imegeuka lini ikawa ruhusa ya kutoosha? Hadithi wanayoishika iwe ngao yao ndiyo inayowatia maji kichwani!

Na liko la ajabu zaidi kuliko hilo. Alipofariki binti wa Bwana Mtume (S.A.W.), Bibi Umm Atiyya (R.A.) na wenzake waliamrishwa wamwoshe kwa maji na mkunazi. Wakazifumua nywele zake, wakaziosha, kisha wakazisuka mikia mitatu. Nasi tumeushika mwendo huo. Akifa mama au dada yetu, watu hutafuta majani ya mkunazi, na mwoshaji huzishughulikia nywele za marehemu kwa upole. Basi maiti anafumuliwa ili aoshwe, na aliye hai haoshwi ili asifumuliwe! Ni mwenye akili gani atakayeridhika na hukumu kama hii? Maiti hawashwi na kichwa. Anayewashwa ni yule aliye hai, anayejikuna kwa ncha ya kitana chini ya ushungi mbele ya wageni, roho yake imekereka na hawezi kusema.

Hayo ni kwa upande wa dini. Kwa upande wa siha, jambo hili halina siri kubwa. Ngozi ya kichwa hutoa mafuta yake yenyewe na jasho, na seli zake zilizokufa hubanduka kila siku. Katika ngozi ya kila mtu kuna vimelea vidogo vya jamii ya hamira, na chakula chao ni mafuta hayo. Kichwa kikikaa bila ya kuoshwa, vimelea huzidi, ngozi huwasha, na mba hutoka kama unga. Hapo ndipo wengi wetu hukosea dawa: huchukua mafuta ya nazi wakapaka juu ya mba. Mafuta ya nazi ni mazuri kwa unywele mkavu, lakini mafuta hayasafishi. Kuyapaka juu ya ngozi chafu ni kuufunika uchafu, kama mtu anayetandika jamvi juu ya taka.

Wako na wale wa upande wa pili, wanaotangaziwa kuwa nywele nzuri ni zile zinazotiwa shampuu kila siku. Wasitudanganye hao pia. Neno lenyewe la shampuu asili yake ni Kihindi, na maana yake ilikuwa kukanda. Aliyelifanya liwe maarufu Uingereza ni Sake Dean Mahomed, mzaliwa wa Patna katika nyumba ya Kiislamu mwaka 1759, aliyefungua nyumba ya kuogea na kukandwa mjini Brighton katika karne ya 19. Leo bidhaa hiyo inarudi kwetu pamoja na mafundisho yasiyotufaa. Unywele ulionyooka hupitisha mafuta ya ngozi upesi mpaka nchani. Unywele wetu uliojisokota huyapitisha polepole, kwa hivyo ni mkavu kwa maumbile, na ukitiwa sabuni kila siku hukatika. Ndiyo maana jumuiya ya madaktari wa ngozi wa Marekani huwashauri watu wenye nywele kama zetu waoshe mara moja kwa wiki, au mara moja katika wiki mbili. Ona basi jinsi ushauri wa madaktari na siku saba za Hadithi zinavyokaribiana.

Na akija mtu akasema kuwa ushungi ndio unaoleta mba na kukatisha nywele, mwambie huo ni uzushi. Kinachodhuru ni unyevu uliofungiwa, na msuko unaovutwa mpaka ngozi ikauma. Msuko wa namna hiyo hung'oa nywele za kwenye paji na za ubavuni, na ukirudiwa kwa miaka, nywele hizo huenda zisiote tena. Mwanamke anayekausha kichwa chake kabla ya kujifunga, na akabadilisha kitambaa kila kinapoloa jasho, ushungi haumdhuru kitu.

Sasa twende kwenye hoja iliyo na uzito wa kweli, nayo ni ya maji. Huenda msomaji akasema: haya ni maneno ya watu wa mjini, wanaofungulia mfereji. Ni kweli kuwa mji umependelewa tangu zamani. Sayyid Said aliijenga hamamu ya Kidichi katikati ya karne ya 19 kwa ajili ya mkewe wa Kiajemi. Sayyid Barghash, aliyetawala kutoka mwaka 1870 mpaka 1888, akajenga hamamu ya watu wote mtaa wa Hamamni, nayo ilitumika mpaka mwaka 1920. Wa mjini walijengewa nyumba za kuogea. Wa shamba walibaki na visima vyao.

Basi na tuwatazame wa shamba, na tuwatazame Matemwe khasa, huko kaskazini mashariki ya Unguja, inakokabili kisiwa cha Mnemba. Ardhi yake ni ya mawe ya matumbawe, maji ya mvua huzama mara moja, na kisima kilicho karibu na pwani huweza kutoa maji ya chumvichumvi. Wanawake wa pwani hiyo wamo wanaochokoa pweza miambani, na wamo wanaolima mwani, kilimo kilichoanza kama biashara Unguja mwaka 1989 kwa upande wa Paje na Jambiani kikaenea pwani yote ya mashariki. Siku za bamvua, bahari inapokupwa mbali, mkulima wa mwani huinama majini kwa saa nyingi juani, kisha hurudi na gunia la mwani mbichi juu ya kichwa, maji ya chumvi yakimchuruzika mpaka shingoni. Akifika nyumbani ana watoto, ana jiko, ana maji ya kutafuta. Kichwa kinabaki vile vile, chumvi na jasho chini ya kanga iliyoloa. Na pwani hiyo hiyo ina hoteli, ambamo mgeni aliyeogelea kwa kujifurahisha hutoka baharini akajisuuza kwa maji matamu papo hapo. Aliyecheza baharini anasuuzwa, na aliyefanya kazi humo analala na chumvi yake!

Mwanamke huyu hatumlaumu. Lawama ni ya yule bwana wa nyumba anayegeuza uso usiku kwa harufu ya kichwa cha mkewe, naye mchana hakubeba hata dumu moja. Bwana Mtume (S.A.W.) alikuwa akiwahudumia watu wa nyumbani kwake, na kuleta maji ni huduma. Hata alipokuwa katika itikafu, alikuwa akimtolea Bibi Aisha (R.A.) kichwa chake kutoka msikitini, naye akikiosha na kukichana. Ikiwa itikafu haikuzuia kuosha kichwa, mwani na jiko vitazuiaje, kama wenye nyumba wanasaidiana?

Wala maji yanayotakiwa si mengi. Imepokewa kuwa Bwana Mtume (S.A.W.) alikuwa akikoga kwa pishi moja mpaka pishi na kibaba, nayo ni kiasi cha lita tatu na kidogo, na alikuwa na nywele nyingi. Nusu ya ndoo inamtosha mwanamke kuosha kichwa kilichosukwa. Ikiwa hakuna mwanamume katika nyumba ya Matemwe anayeweza kuleta nusu ndoo mara moja kwa wiki kwa ajili ya kichwa cha mkewe, basi shida hapo si ya maji tena.

Na hii hapa njia nyepesi, kwa kufuata maji ya bahari yenyewe. Siku za bamvua, kila atokapo baharini, mwanamke ajisuuze kichwa kwa makopo mawili au matatu ya maji matamu, akikaushe, kisha ndipo ajifunge kanga kavu. Mara moja kwa wiki aoshe kwa sabuni hivyo hivyo akiwa amesukwa, apitishe ncha za vidole katika njia za msuko, kwenye ngozi, wala asitumie kucha. Yakifika maji mafu, kazi ya mwani ikipungua, afumue, achane kwa chanuo pana, aoshe vizuri na aviache vinyweleo vipumzike siku moja mbili kabla ya kusukwa tena, na amwambie msusi asivute. Maji ya visima vya mawe huwa yana chokaa, sabuni haitoi povu vizuri na huacha utando. Kwa hivyo yanapopatikana maji ya mvua ya masika au ya vuli kutoka kwenye bati, yawekwe yawe ya kusuuzia. Sabuni ya kufulia iachiwe nguo.

Watoto nao wasisahauliwe. Mapunye ni maradhi ya kuambukiza, na huhama kutoka mtoto mmoja hadi mwengine kwa kofia, kitana na wembe wa kupokezana, nyumbani na chuoni. Kuosha kichwa ni kinga, lakini mapunye yakishaingia hayaponi kwa sabuni wala kwa mafuta. Mtoto apelekwe kwa daktari apewe dawa ya kunywa, kwani yakiachwa huweza kumtia makovu yasiyoota nywele maishani mwake.

Tunawaelekea sasa masomo, wanaowafunza wasichana wetu tohara. Nyinyi ndio mnaosikilizwa kuliko magazeti na kuliko madaktari. Mnapomfundisha mwari namna ya kukoga, msimwambie tu kuwa hakulazimishwa kufumua. Mwambieni na nusu ya pili, kuwa maji lazima yafike kwenye ngozi, na kuwa kichwa kina haki yake katika kila siku saba. Nanyi maimamu, mnapowahimiza watu koga ya Ijumaa, wakumbusheni wanaume kwamba na nyumbani kuna vichwa vinavyongojea maji.

Ndugu msomaji, usiliweke gazeti hili chini ukasema ni maneno ya wanawake. Leo usiku uliza nyumbani kwako: kichwa hiki kimeoshwa lini? Ukijibiwa kwa kimya, jawabu umelipata. Chukua dumu, uende kisimani.

Mwenyezi Mungu atujaalie kuwa katika wale wanaojitoharisha, nje na ndani. Wabillahi tawfiq.