Harshad Mehta hakuwa peke yake

Nimeitazama Scam 1992, tamthilia ya Kihindi ya mwaka 2020, sehemu zote kumi. Kila Harshad Mehta alipotokea na suti yake, mwanangu alitabasamu. Muziki wenyewe umetungwa ili umpende. Mimi niliyewahi kuhesabu noti dirishani benki, macho yangu yalikuwa kwenye karatasi. Enzi za Mehta benki moja iliikopesha nyingine kwa dhamana ya hatifungani za serikali, na badala ya hati yenyewe ilitolewa risiti tu. Mehta, dalali wa Bombay, alipata benki ndogo, Bank of Karad mojawapo, zilizotoa risiti zisizo na hati yoyote nyuma yake. Fedha akazipeleka soko la hisa. Hisa ya kampuni ya ACC ikapanda kutoka rupia 200 hivi hadi karibu 9,000. Kampuni ya saruji, jamani!

Risiti zile zilisainiwa na nani? Hapo tamthilia inapita mbio. Hata Sucheta Dalal, mwandishi aliyefichua kashfa Aprili 1992, ningemwongezea nafasi. Watayarishaji wakirudi tena kwenye kisa hiki, waanze na meneja aliyeshika kalamu.