Kinamasi si Ardhi Iliyolala Bure

Nilipokuwa mwanafunzi ng'ambo, mwalimu wangu mmoja alizoea kusema kwamba kinamasi ni ardhi inayongoja mfereji. Niliyaandika maneno hayo daftarini bila ya kuyahoji. Leo nayapinga, na ushahidi wangu ni vinamasi vya kusini mwa Iraki, kwenye mabonde ya mito Tigri na Frati.

Wavuvi na wafugaji wa huko, waitwao Maadan, husukuma mitumbwi yao myembamba kwa upondo kati ya matete. Zamani wengi wao waliona fahari kuvua kwa mkuki wenye meno matano, wakiwadharau wenye nyavu. Matete machanga hulishwa nyati wa kufugwa, na mavi ya nyati hukaushwa yakawa kuni. Matete yaliyokomaa huwa mikeka na nyumba. Sakafu ikididimia, hutandikwa tabaka jingine. Jumba la wageni husimama juu ya matao ya matete yaliyofungwa, pasipo msumari hata mmoja.

Je, hiyo si sayansi? Tena matete hayo hupunguza kasi ya maji, tope likatua, na samaki wakapata mahali pa kuzaliana.

Baada ya maasi ya mwaka 1991, serikali ya Saddam Hussein iliyageuza maji kwa kingo na mifereji. Kufikia mwaka 2000, takriban asilimia 90 ya vinamasi ilikuwa imetoweka. Sehemu kubwa haikuwa shamba, bali jangwa: maji yalipokauka, chumvi ilibaki juu ya udongo. Watu wakatawanyika. Mwaka 2003 wenyeji walizibomoa kingo, na sehemu ya maji ikarudi. Lakini mabwawa ya nchi za juu na ukame vingali vikiyapunguza.

Sisemi kwamba maisha ya kinamasini ni pepo. Kichocho kiliwatesa wengi, na shule zilikuwa haba. Lakini dawa ya kichocho ni zahanati, wala si kuuangamiza mji wa mgonjwa.

Kwa hiyo, ndugu mwalimu, kabla wanafunzi wako hawajaandika katika ramani "ardhi isiyotumika", wapeleke kwenye kinamasi kilicho jirani. Wamwulize mvuvi anakula nini, anajengea nini, na samaki hutaga wapi. Majibu yake wayaandike daftarini, kisha wayapime kwa vipimo vya maabara.