Chema Chajiuza

Wahenga walinena, chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Methali hii ilinijia nilipoitazama "Gigli", senema ya Kimarekani ya mwaka 2003, ya mapenzi na vichekesho.

Wachezaji wake wakuu, Ben Affleck na Jennifer Lopez, walikuwa wachumba kweli, na uchumba wao ulijaa magazetini. Huo ndio uliogeuzwa tangazo. Lakini hadithi yenyewe ni ya jambazi aliyetumwa kumteka nyara kijana mwenye ulemavu wa akili, nduguye mwendesha mashtaka. Kicheko kitatoka wapi hapo?

Iligharimu zaidi ya dola milioni 70, ikarudisha kama milioni 7 tu. Wahakiki waliiponda, watazamaji wakaikimbia. Mwongozaji wake, Martin Brest, hajatoa senema nyingine tangu hapo.

Wako wasemao ilikosa bahati. Mimi nasema ilikosa hadithi. Nani atalipa kiingilio akachungulie mapenzi aliyokwisha kuyachungulia bure gazetini? Mapenzi ya wawili yana sitara yake. Ukiyaanika sokoni, watu watakuja kutazama, lakini hawatanunua. Mwenye kutaka kutuchekesha na atutungie kisa kwanza.