Tezi na Omo Tumezikariri, Sasa Twende Tukazione

Nimeishika kalamu si kwa kutega vitendawili wala kusimulia ngano, bali kutoa maoni juu ya jambo ambalo limezua mjadala mkali katika Chama chetu cha Kiswahili: ziara yetu ielekee wapi? Wapo wasemao twende Nairobi tukaone majumba marefu. Wapo wasemao Kisumu yatosha, ni karibu na nauli haitaumiza mzazi. Mimi nasema, na nitasema hadi koo likauke: twende Shimoni, kaunti ya Kwale, tupande mashua asubuhi, tushinde baharini kutwa, na tutie nyuso zetu majini tuone yaliyo chini.

Najua wengine wameshaanza kucheka. Eti mtoto wa Moding na bahari wapi na wapi? Ngoja kwanza, usicheke kabla ya kusikia.

Sababu ya kwanza imo madaftarini mwetu. Fungua daftari la insha la mwanafunzi yeyote wa shule hii, hutakosa methali hii: Mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani. Tunaiandika kwa mbwembwe na mwalimu anatupa alama. Lakini hebu muulize huyo mwandishi tezi ni nini. Atakwambia ni ule uvimbe wa shingoni. Na omo je? Ah, hiyo si ni sabuni ya kufulia! Ngamani ndiyo usiulize kabisa. Kumbe tezi ni upande wa nyuma wa chombo, omo ni upande wa mbele, na ngama ni pale tumboni mwa chombo maji yanapojikusanya yakasubiri kuchotwa. Anayezunguka mbele na nyuma mwishowe hurudi pale pale chini. Methali tunayo, chombo hatujakiona. Tunasema nahodha wengi chombo huenda mrama, na nahodha hatujapata kumwona hata mmoja. Tunasema maji yakijaa hupwa, ilhali Mto Malaba wetu haujui kujaa na kupwa, wajua kufurika tu mvua ikinyesha!

Simaanishi kwamba mtu wa bara hawezi kukijua Kiswahili. La hasha! Wako watu wa bara waliobobea, na walimu wetu ni mfano. Ninalosema ni kwamba lugha hii ilikulia ufuoni, na maneno yake mengi yananukia chumvi. Anayekariri neno bila kuona kitu chake ni kama anayesifu ugali wa wimbi na mhogo kwa kutazama picha yake.

Isitoshe, bahari yenyewe hutujia hapa kila siku. Yale malori yanayopanga foleni Malaba, mengi yametoka bandari ya Mombasa yakielekea Uganda, Rwanda, Kongo na Sudan Kusini. Vumbi lake twalila, madereva wake twawauzia chai na mahindi ya kuchoma, na Kiswahili chao twakiazima. Barabara hiyo tunaijua mwisho wake tu. Mwanzo wake uko zaidi ya kilomita 900 kutoka hapa, nasi hatujauona. Tena ukivuka kwa feri pale Likoni na kuelekea kusini, unafika Shimoni, karibu na mpaka wa Tanzania wa Lunga Lunga. Sisi ni watu wa mpakani, na wao ni watu wa mpakani. Mbona tusijuane?

Sasa nieleze siku yenyewe inavyokuwa, maana mimi nilibahatika kwenda likizo ya Desemba mwaka juzi, nilipomtembelea mjomba wangu anayefanya kazi Ukunda. Safari huanzia gatini Shimoni asubuhi. Mashua hupita kando ya kisiwa cha Wasini, kisha huelekea Kisite. Hapo ni Hifadhi ya Bahari ya Kisite na Mpunguti, iliyotengwa na serikali katika miaka ya 1970 na ambayo sasa iko chini ya Shirika la Huduma kwa Wanyamapori, yaani KWS. Mbuga ya Kisite ina kilomita mraba 28, nayo hifadhi ya Mpunguti 11. Njiani pomboo wanaweza kuchomoza, wakaruka na kuzama kama wanaocheza bano.

Nilipopanda, nahodha aliona mashua imelalia upande mmoja, akaamuru: "Wewe kijana, nenda omo! Na wewe mama, sogea tezi kidogo." Aliyasema kama mtu asemavyo "funga mlango". Wale abiria wengine, karibu wote wageni kutoka Ulaya, walisogea kwa kuonyeshwa kidole. Mimi nilisogea kwa kusikia. Siku hiyo ndipo nilipoamini kwamba maneno ya daftarini yana watu wake, na kwamba wamo kazini.

Mkifika Kisite mashua hufungwa kwenye boya, kwa sababu nanga ikitupwa ovyo huvunja matumbawe. Unapewa jaketi la kuelea, miwani ya kuzamia na mrija wa kupumulia. Mrija wenyewe usikutishe. Wazee wetu huketi wakauzunguka mtungi wa ajono na mirija yao mirefu. Huu nao ni mrija vilevile, ila unavuta hewa badala ya ajono, na hauleweshi! Unalala kifudifudi juu ya maji, uso chini, unapumua pole pole. Basi.

Na huko chini, jamani! Matumbawe mengine yana umbo la kabichi, mengine kama pembe za paa, mengine kama ubongo. Vitatange wa manjano hupita makundi makundi. Pono, wa rangi ya kijani na buluu, huguguna mwamba kwa meno yake magumu, na ukitulia unamsikia kwa masikio yako: kru, kru, kru. Mwamba anaougugunia akitafuta chakula hutoka tumboni mwake ukiwa mchanga mweupe. Ukibahatika, kasa atakupita chini yako bila haraka, kama mzee anayetoka sokoni. Walimu wa biolojia nao wafurahi: tumbawe si jiwe wala mmea. Ni jumuiya ya wanyama wadogo sana wanaojijengea nyumba ya chokaa, na ndani ya miili yao huishi vijimea vinavyowapa chakula na rangi.

Hapa ndipo jambo linapokuwa zito. Maji yakizidi joto, wanyama hao huvifukuza vile vijimea, wakabaki weupe kama mifupa, na joto lisipopungua mapema hufa. Mwaka 1998, wakati wa El Niño, sehemu kubwa ya matumbawe ya pwani ya Kenya ilikufa namna hiyo. Joto limerudi tena mara kadhaa tangu hapo, ikiwemo mwaka 2016 na mwaka 2024. Sehemu nyingine zimepona, nyingine bado. Kwa hivyo anayesema "tutaenda siku moja tukiwa wakubwa na kazi zetu" ajue kwamba bahari haijatuahidi kutungoja.

Sasa nijibu wapinzani wangu, maana mjadala bila majibu ni kelele.

Wa kwanza husema huo ni mchezo wa wazungu. Kwani bahari ni ya wazungu? Mbuga ile ni ya umma. Ada ya kuingia kwa raia ni ndogo kuliko ya mgeni, na wanafunzi wana kiwango chao. Tukiwaachia wageni peke yao waione, tusije tukalalamika kesho kwamba wao ndio wanaoijua nchi yetu kutushinda.

Wa pili husema ni hatari, hatujui kuogelea. Hoja hii naiheshimu. Wazazi wetu hutukataza mto tangu utotoni, na wana haki, maana wameona misiba. Lakini mtoto anayekatazwa maji bila kufundishwa maji hubaki vilevile: siku akiteleza hajui la kufanya. Katika safari hii kila mtu huvaa jaketi la kuelea, mabaharia wako kando, na asiyetaka kuingia majini hukaa mashuani. Wala msiniambie eti wasichana wabaki nyumbani. Fulana, suruali ndefu na leso vyatosha, na kisiwani Wasini, ambako wenyeji ni Waislamu, mavazi ya heshima ndiyo yanayotakiwa kwetu sote, wavulana kwa wasichana.

Wa tatu husema ni ghali. Kweli, Shimoni si Kisumu. Ndiyo maana napendekeza tuache ziara ndogo ndogo za kila mwaka, tuwe na moja kubwa kila baada ya miaka miwili. Mwanafunzi wa shule ya upili, awe wa miaka minne au wa mitatu ya mtaala mpya, hatapitwa nayo. Tuanze kuweka akiba sasa, hata shilingi kumi kumi kila wiki. Haba na haba hujaza kibaba, au hiyo nayo tumeikariri tu? Na twende Februari, wakati wa kaskazi, bahari ikiwa shwari na maji maangavu. Ziara zetu tumezoea kuzifanya muhula wa pili, ambapo kusi huvuma na bahari huchafuka. Tukienda wakati huo tutalipa pesa nyingi tukatapike.

Lakini nina sharti moja, na hili ndilo nalitilia mkazo kuliko yote. Tusiende kama watu wanaolipa, wakatazama, wakapiga picha na kuondoka. Mbuga ya Kisite ilipotengwa, wavuvi walikatazwa kuvua mahali ambapo babu zao walivua. Wengine hawakufurahi, na tungekuwa sisi tumeambiwa tusilime mashamba yetu, tungefurahi? Haki ni kwamba faida ya safari iwafikie. Basi tukodi mashua ya wenyeji. Chakula cha mchana tule Wasini, wali wa nazi na samaki, kisiwani humo ambamo hamna gari hata moja. Tutembee juu ya daraja la mbao la akina mama wa Wasini, linalopita katikati ya mikoko na matumbawe ya kale yaliyosimama nchi kavu maji yanapokupwa; kiingilio chake husaidia kijiji, ikiwemo karo za watoto kama sisi. Tukirudi Shimoni tuingie mapangoni, ambamo masimulizi ya wenyeji yasema watumwa walifungiwa kabla ya kusafirishwa. Kule Kibuyuni karibu na hapo, akina mama hulima mwani baharini kama tunavyolima mhogo hapa kwetu. Nao tuwaone.

Na tusikilize! Wasini husemwa Kivumba, na upande wa Shimoni husemwa Chichifundi. Majina hayo tumeyakariri katika orodha ya lahaja, tukayaandika kwenye mtihani, tukayasahau. Kule ni maneno ya mtu anayeuza pweza. Nashauri kila mwanachama arudi na maneno ishirini mapya, yachapishwe katika toleo lijalo la jarida hili, pamoja na maana zake kama zilivyotolewa na wenyeji wenyewe.

Mwisho, tukiwa majini tusikanyage matumbawe, na tusiokote kombe wala simbi kupelekea nyumbani. Tumbawe moja hukua polepole mno. Mguu mmoja wa Moding waweza kuvunja kazi ya miaka mingi kwa dakika moja.

Maoni yangu ndiyo hayo. Mwenye hoja kinyume aje nayo mkutanoni Ijumaa tuipime kwa haki. Ila akija, tafadhali aache kwanza kutumia methali za baharini kunipinga, maana nitamuuliza maana yake mbele ya watu.

Kalamu naiweka chini. Wasalaam.