Bingwa wa Barabara na Mwenda kwa Miguu

Ni nadra mvua kubwa kunyesha Nairobi jioni, televisheni isituletee bingwa wa mambo ya usafiri. Huketi mbele ya picha ya magari yaliyosimama, akatueleza kwa ufasaha kwamba msongamano unakula mali ya taifa, na kwamba dawa yake ni barabara nyingine. Sina ugomvi na elimu yake. Ugomvi wangu ni na macho yake, maana huhesabu magurudumu wala hayahesabu miguu.

Ilipofunguliwa barabara ya kulipia mwaka 2022, kilomita 27 toka Mlolongo hata Westlands, tuliimbiwa dakika atakazookoa mwenye gari. Lakini mwenda kwa miguu haruhusiwi kuikanyaga barabara hiyo, wala mwendesha bodaboda. Kilichomfikia yeye ni nguzo na kivuli chake. Atasema mtu kwamba magari yakipanda juu, njia ya chini hupungukiwa. Huenda. Walakini sijapata kusikia bingwa akiulizwa kibarua atokaye Mukuru alfajiri hungoja dakika ngapi kabla ya kuvuka Mombasa Road. Mwenye shibe hamjui mwenye njaa.

Tena lipo jambo la lugha, ambalo mimi kwa kazi yangu siwezi kulinyamazia. Barabara ya Thika ilipozinduliwa mwaka 2012, njia nane za magari zilikuwa tayari, na baadhi ya madaraja ya wapita njia hayakuwa tayari. Watu walivuka mbio, na wengine hawakufika ng'ambo. Misiba ya namna hiyo husomwaje katika habari? Husomwa kwamba mpita njia amegongwa. Itazame sentensi hiyo, ewe mwanafunzi wa sarufi. Imo katika kauli ya kutendwa, na mtenda hayumo: hakuna dereva, hakuna mwendo wa gari, hakuna mhandisi aliyechora njia nane akasahau ngazi. Amebaki maiti peke yake, kana kwamba kifo amejitendea mwenyewe. Ndipo bingwa huja akakamilisha hukumu, akasema wananchi wanahitaji kuelimishwa juu ya kuvuka. Kuelimishwa! Mama mwenye kikapu cha mboga kichwani ajua vizuri kuliko bingwa kwamba daraja liko mbali na ngazi zake ni kali.

Kwa miaka mingi hesabu za serikali ya Kenya zimeonyesha kwamba waendao kwa miguu ndio wengi kuliko kundi jingine lolote katika wafao barabarani. Hesabu hiyo bingwa anayo. Huitaja mwisho wa kipindi, saa ya kuaga imekaribia. Neno lenyewe, barabara, katika lugha yetu lina maana ya pili, nayo ni sawasawa. Bado sijaona mahali maana hizo mbili zilipokutana.

Basi na aulizwe, kabla taa za studio hazijazimwa, yeye leo amefikaje pale.