Street Fighter II: kaseti halisi na ile iliyochezewa

Mfanyabiashara akiona bidhaa yake imeigwa na kuchezewa, hesabu yake ya kwanza huwa ni ya hasara. Biashara ya mchezo wa video wa Street Fighter II, uliotolewa na kampuni ya Capcom ya Japani mwaka 1991, inaonyesha kwamba hesabu hiyo haijakamilika.

Mchezo huo wa ngumi ulianzia kwenye mashine za kutumbukiza sarafu, na mwaka 1992 likafuata toleo la Champion Edition. Mwenye ukumbi aliyenunua bodi ya mashine kwa bei kubwa alijua fika kuwa wateja wakishauzoea mchezo, mapato hushuka. Hapo ndipo waghushi walipopata upenyo. Chipu zao, maarufu zaidi zikiwa za toleo lililoitwa Rainbow Edition, zilipachikwa kwenye bodi ileile. Mchezo ukawa wa kasi mno, mipira ya moto ikarushwa kutoka hewani na kumfuata adui, na mchezaji aliweza kumgeuza Ryu kuwa Zangief katikati ya pambano. Kwa gharama ya chipu tu, mashine iliyochoka ikawa mpya.

Bidhaa hiyo haikuwa ya kudumu, na sababu si sheria peke yake. Katika vurugu za namna hiyo fundi na mwanagenzi hawatofautiani. Anayeshinda leo hajui kwa nini ameshinda, hivyo hana sababu ya kurudi kesho na sarafu nyingine.

Capcom, kwa sifa yake, haikuishia kulalamika. Desemba 1992 ilitoa Turbo: Hyper Fighting, ikachukua kasi na mapigo machache ya hewani, fujo ikaiacha kwa wenyewe. Utafiti wa soko ulikuwa umekwisha kufanywa na waghushi, tena kwa mtaji wao.

Majumbani matokeo yanasomeka vizuri zaidi. Kaseti ya kwanza ya Super Nintendo, ya mwaka 1992, iliuza nakala milioni 6.3. Ile ya Turbo ya mwaka 1993 iliuza milioni 4.1, na mwaka huohuo toleo la Mega Drive ya Sega likauza milioni 1.65. Kwa mchezo ambao wengi walikuwa nao tayari, hayo si mauzo ya kubeza.

Kisha kampuni ikazidisha. Super Street Fighter II ya mwaka 1994, yenye wapiganaji 4 wapya, iliambulia milioni 2 kwenye Super Nintendo. Ni kweli kwamba Mortal Kombat ilikuwa imeingia sokoni tangu 1992. Hata hivyo, kasi wateja walikuwa wameiomba kwa sarafu zao. Toleo jingine tena, hapana.

Toleo la Mega Drive nalo lina deni lake. Sauti za wapiganaji zilitoka za kukwaruza, na lawama zikaelekezwa kwa mashine. Miaka mingi baadaye wapenzi wa mchezo waliandika upya sehemu ya programu inayoendesha sauti, na kwenye mashine ileile sauti zikatoka safi. Walifanya bure kazi ambayo wanunuzi zaidi ya milioni moja na nusu walikwisha kuilipia.